Mbegu Isiyotaka Jirani

Paukwa!

Pakawa!

Sauti gani hiyo ya kuku mwenye kideri? Mmekula mkashiba, halafu mnanijibu kama mmefiwa. Paukwa!

Pakawa!

Kaondokea mwenye jembe, kapanda mbegu, kakaa. Na sisi tukae. Wewe hapo nyuma, acha kumfinya mwenzio. Hadithi ya leo si ya kuchezea. 

Basi, hapo zamani palikuwa na kijiji kikiitwa Itumba, kando ya msitu mkubwa. Watu wa Itumba walikuwa wakulima, tena wakulima hasa, si hawa wanaolima kwa mdomo. Nao walikuwa na desturi yao moja ambayo huikuti mahali pengine.

Msichana akiolewa Itumba haji mikono mitupu. Anakuja na kibuyu cha mbegu kutoka kwa mama yake. Mbegu yoyote ile, iwe tamu, iwe chungu, haikataliwi. Bibi arusi anagawiwa matuta yake katika shamba la mumewe, anasimama mbele ya ukoo mzima, anasema, "Hii nimepewa na mama yangu, naye alipewa na mama yake." Kisha anapanda. Tangu siku hiyo matuta yale yanaitwa kwa jina lake, na hata akifa yanaendelea kuitwa hivyohivyo.

Siku moja akaolewa huko msichana aitwaye Kalunde. Alitoka mbali, nchi ya mchanga na jua kali. Mumewe aliitwa Mihambo. Alipofungua kibuyu chake mbele ya watu, ndani mlikuwa na uwele.

Weee! Watu walicheka. Uwele! Punje ndogo hata kuku anazitafuta, unga wake wa kijivu, makapi yake ukipepeta yanakuwasha shingo siku nzima. Mashemeji wakashika mbavu. "Huyu katuletea chakula cha ndege!"

Kalunde akainamisha kichwa, machozi yakamlengalenga.

Mama mkwe wake aliitwa Nyamizi, mwanamke mkavu wa maneno, asiyechekacheka ovyo. Nyamizi akachota uwele kidogo, akaunusa, akautafuna polepole. Akasema, "Matuta ya Kalunde yatakaa hapa, pembeni ya yangu. Mwenye kicheko akachekee kwake."

Kalunde akampenda mama mkwe wake kuanzia hapo.

Sasa shamba lile lilikuwa na matuta ya bibi Wande, mama mkwe wa Nyamizi, aliyekuja na mbaazi akafa zamani. Lilikuwa na matuta ya Nyamizi, aliyekuja na mtama mwekundu. Na sasa lilikuwa na matuta ya Kalunde, aliyekuja na uwele.

Ukaja mwaka wa maji. Mvua ilinyesha mpaka vyura wakaingia vitandani. Kila kitu kikaoza, lakini mtama wa Nyamizi ukasimama majini, ukazaa. Watu wakala.

Ukaja mwaka wa viwavi. Viwavi wakala mtama, wakala uwele, wakala hata nyasi za kuezekea, lakini mbaazi za bibi Wande hawakuzigusa. Watu wakala.

Ukaja mwaka wa jua. Mvua ilinyesha kidogo ikakatika. Mtama ukanyauka, mbaazi zikapukutisha maua, lakini uwele wa Kalunde ukatoa masuke. Watu wakala. Na mnajua nani walikuwa wa kwanza kuja na vikapu? Mashemeji walewale! Kalunde akawapimia bila kusema neno. Mimi ningesema, tena ningesema sana, lakini yeye hakusema.

Basi, katika msitu ule lilikaa zimwi.

Lilikuwa zimwi kubwa, lenye nywele mpaka magotini, lakini lilikuwa na mwiko wake. Haliwezi kumla mtu mpaka mtu mwenyewe aingie msituni kwa miguu yake, afungue kinywa chake, aombe chakula. Akishasema "nipe," amekwisha, ni mali ya zimwi. Asipoomba, zimwi haliwezi hata kumgusa ukucha.

Mwaka wa maji zimwi lilikoka moto, likateleka chungu, likaimba:

*Njoo, njoo, chungu ki motoni,*
*Mwenye njaa aseme,*
*Akisema atapewa.*

Likangoja. Hakuja mtu.

Mwaka wa viwavi likaimba, likangoja. Hakuja mtu.

Mwaka wa jua likaimba mpaka sauti ikakauka. Likangoja. Hakuja mtu. Zimwi likakonda, mbavu zikawa nje. "Watu gani hawa wasioona njaa?" Likanyata mpaka ukingoni mwa msitu, likachungulia shambani siku nzima. Likaona mbaazi, likaona mtama, likaona uwele. Likaelewa. Likacheka, ndege wote wakaruka mitini.

Likaenda mtoni, likajisugua ngozi kwa jiwe. Likajisugua tena. Likajisugua mara ya tatu, akatoka majini msichana mzuri, shingo ndefu, meno meupe, sauti laini. Akajiita Limi.

Nyamizi alikuwa na mtoto wa mwisho, kitindamimba wake, Lugendo, mdogo wake Mihambo. Siku moja Lugendo alikwenda kisimani akamkuta Limi anachota maji. Jamani, kijana akaacha kula! Akaacha kulala! Akimwona mama yake ni kulia tu. Harusi ikafanyika.

Limi akasimama mbele ya ukoo na kibuyu chake. Akakifungua. Mbegu nene, nyeupe, hawajawahi kuona mfano wake. Watu wakangoja aseme yale maneno.

Limi akasema, "Hii ni yangu."

"Umepewa na nani, mwanangu?" Nyamizi akamuuliza.

"Ni yangu, mama. Mimi sina mama."

Watu wakatazamana. Nyamizi akakunja uso. Lakini mbegu ya bibi arusi Itumba haikataliwi, na Lugendo alikuwa anamtazama mama yake kwa macho ya kuomba. Nyamizi akavuta pumzi. "Haya, mpeni matuta yake."

Mbegu ile haikukaa ardhini. Jamani, watu hawajamaliza palizi ya mazao mengine, yenyewe imeshakomaa! Na utamu wake! Uji wake hautaki maziwa, hautaki asali. Kalunde alikuwa na mtoto wake mmoja, binti, Milembe, anaanza tu kutamka maneno. Milembe alipouonja akasukuma bakuli la uji wa uwele. "Sitaki huu! Nataka wa mama mdogo!"

Kila nyumba ikataka mbegu ya Limi, naye akagawa bure, huku anatabasamu. Neno lake lilikuwa moja tu. "Mbegu yangu ina wivu. Haitaki jirani."

Mwaka wa kwanza akasema, "Haitaki mbaazi." Watu wakang'oa mbaazi za bibi Wande, wakazifanya kuni. Nyuki waliokuwa wakila maua ya mbaazi wakahama, asali ikaadimika. Nani alijali? Uji ulikuwa mtamu tayari.

Mwaka wa pili akasema, "Haitaki mtama." Nyamizi akaenda akasimama katikati ya mtama wake, jembe mkononi, hakuna aliyethubutu kumsogelea. Lugendo ndiye aliyemwendea, akamshika mkono. "Mama, kwa ajili yangu." Nyamizi akamtazama mwanawe. Akatoka shambani, akaenda kukaa barazani akiwatazama wakikata. Mtama uliobaki darini ukapikwa pombe, watu wakacheza ngoma. Nyamizi hakuinuka.

Mwaka wa tatu akasema, "Haitaki uwele."

Mihambo akamwambia mkewe, "Mama Milembe, tumebaki sisi tu kijiji kizima. Watu wananicheka."

 Mwaka uleule mama yake alikuwa amefariki huko nchi ya mchanga, na habari ilimfikia watu wameshamaliza matanga. Hakumzika. Uwele ule ndio kitu pekee cha mama yake alichokuwa nacho duniani. Lakini Mihambo alikuwa amenuna, na Milembe alikuwa analilia uji mtamu kila asubuhi. Kalunde akaenda akaung'oa mwenyewe kwa mikono yake, uwele wenye masuke yanayoanza kukomaa, anang'oa huku analia, "Mama nisamehe. Mama nisamehe. Mama nisamehe." Mihambo alikuja kumsaidia, akamfukuza.

Basi, Itumba yote ikawa mbegu moja, kutoka nyumba ya kwanza mpaka ya mwisho. Ukisimama kichuguuni unaona weupe mtupu. Watu wakasema wamepata.

Likaja jua.

Zimwi halikulileta, msije mkasema zimwi. Miaka ya jua huja yenyewe, imekuwa ikija tangu zamani. Mvua ilinyesha kidogo ikakatika. Mbegu ya Limi ilikuwa na kiu ya ajabu, ikafyonza unyevu wote wa ardhini mpaka visima vikashuka, kisha ikanyauka yote, ikalala chini. Watu wakakimbilia maghalani. Huko wakakuta fukusi wameshamaliza kazi, wakichota wanachota vumbi.

Asubuhi moja Limi hayupo. Mlango wazi, kitanda kitupu. Lugendo akamfuata kwa nyayo zake, na nyayo ziliingia msituni. Watu wakasikia huko ndani mtu anaimba, sauti laini:

*Njoo, njoo, chungu ki motoni,*
*Mwenye njaa aseme,*
*Akisema atapewa.*

Lugendo hakurudi. Siku ile harufu ya uji ikavuma mpaka kijijini, na watu wakaanza kwenda. Wakaenda wazee, hawakurudi. Wakaenda vijana, hawakurudi. Wakaenda wanawake na watoto mgongoni, hawakurudi.

Mihambo akachukua kikapu. "Nachuma matunda tu, mama Milembe. Jua halijawa kali nitakuwa nimerudi."

"Usiende, baba Milembe."

"Mtoto atakula nini?"

 Mihambo akambusu mtoto kichwani, akaenda. Kalunde akakaa mlangoni. Jua likapanda, likawa kali, likashuka. Akaendelea kukaa.

Nyamizi akatoka nje, akaketi pembeni yake. Alikuwa amebaki mifupa. "Huo wimbo," akasema, "mimi niliusikia mwaka wa maji. Niliusikia mwaka wa viwavi. Niliusikia mwaka wa jua. Sikuujali kwa sababu nilikuwa nimeshiba. Ni zimwi hilo, mwanangu. Wazee walitwambia, zimwi la msitu huu halimli asiyeomba. Na mimi nilimpa Limi matuta kwa mkono wangu. Nimewaua wanangu wote wawili."

Wakalia pamoja, mkwe na mkwe, mpaka wakachoka.

Kisha Nyamizi akaingia jikoni, akasogeza mafiga, akafukua majivu, akafukua udongo chini ya majivu. Akatoa kibuyu kidogo kilichozibwa kwa nta. Akakitikisa, kikalia.

Kalunde akashika mdomo. "Mama! Nini hiki?"

"Uwele wako. Siku ile ulipokuwa unang'oa ulikuwa unalia, hukutazama nyuma. Mimi nilikuwa nyuma yako naokota masuke yaliyokomaa."

"Na mtama wako, mama?"

"Wangu sikuuwahi," Nyamizi akasema, akageuza uso.

Kalunde akakikumbatia kibuyu kile. Halafu hapohapo akasema, "Tumpikie Milembe. Tumpikie sasa hivi."

"Ukipika atakula leo. Kesho utapika nini?"

"Mama, mtoto anakufa!"

"Najua. Chota gao moja umpikie. Mimi usinipimie. Zinazobaki ni za kupanda. Zikiisha hizo, Kalunde, hakuna tena, hata mvua ije namna gani."

Gao ni ujazo wa kiganja, ninyi msiojua. Kalunde akachota gao moja, akapika uji mwepesi, Milembe akanywa siku ile. Haukumshinda tena. Alilamba bakuli.

Kesho yake Milembe akasema, "Mama, uji." Kalunde akamwambia, "Kesho." Akampa majani ya porini.

Siku iliyofuata akasema, "Mama, uji." Kalunde akamwambia, "Kesho." Akampa mizizi.

Siku nyingine akasema, "Mama, uji," na sauti yake ilikuwa ndogo. Kalunde akamwambia, "Kesho." Kibuyu kilikuwa palepale ukutani. Mwanamke anaye mtoto, na anacho chakula, na anamnyima. Mnaweza kumwelewa? Mimi nilipokuwa na umri wenu nilimchukia. Sasa simchukii. Alikuwa akitoka nje, anajiuma mkono mpaka damu inatoka, ili asikishike kile kibuyu.

Nyamizi alikuwa akichimba mizizi pamoja nao, lakini yake alimpa mjukuu. "Mimi nimeshakula." Kila siku amekula, kila siku amekula. Siku moja hakuamka. Kalunde akamwosha, na wanawake wachache waliobaki kijijini, nao wanapepesuka, wakamchimbia kaburi fupi, ndilo waliloliweza. Kalunde akalia akiita, "Mama! Mama umeniacha na nani?" Nguvu za kulia zikamwishia kabla ya kilio.

Hata udongo wa kaburi haujashuka, mvua ikanyesha. Mvua moja tu, ya alasiri moja. Kwa mbegu ya Limi isingefaa kitu. Kwa uwele ilitosha.

Kalunde akawaita wale wanawake. "Mimi peke yangu sitaweza. Njooni tupande, kitakachotoka ni chetu sote." Wakaja wakitambaa. Wakapanda kibuyu kizima, punje hata moja hawakutafuna. Uwele ukaota. Wakalinda ndege kwa zamu, wanapiga madebe na kurusha udongo, na Milembe naye akikaa kwenye kivuli cha kibanda anasema "Shii! Shii!" kwa sauti isiyomfukuza hata nzi.

Masuke yakatoka. Punje zikaanza kujaa maziwa. Bado kidogo tu, jamani, bado kidogo.

Siku moja mchana Kalunde alikuwa zamu. Njaa ikamlewesha, macho yakajifumba, akalala ameegemea nguzo. Na msituni zimwi likaimba.

Kalunde akashtuka. Milembe hayupo.

Akatazama kulia, hayupo. Akatazama kushoto, hayupo. Akatazama chini, akaona vinyayo vidogo mchangani vinaelekea msituni. Kalunde akakimbia. Alipopita kwenye matuta akavunja suke moja, akakimbia nalo, hata mwenyewe hakujua kwa nini amelivunja.

Akawakuta kwenye uwazi mle msituni, Milembe na Limi. Chungu ki motoni, uji mweupe unatokota. Limi amechuchumaa, uzuri wote umekwisha, ngozi inamning'inia na nywele za zimwi zinachomoza chini yake. Maana wale waliokwenda kwake walikwenda wakiwa mifupa, na mtu wa njaa hana nyama. Amekula kijiji, hajashiba. Na mbele yake amesimama Milembe, anatazama chungu, mate yanamtoka.

"Sema tu, mwanangu," Limi anamwambia kwa ile sauti laini. "Sema 'mama mdogo, nipe.' Mimi nakupa."

Milembe akafungua kinywa. "Mama mdogo, ni..."

Kalunde akamrukia mwanawe. Akafikicha suke kiganjani, akamtia punje mbichi kinywani, zenye maziwa, akamziba mdomo kwa mkono. "Tafuna! Tafuna, mwanangu, tafuna!"

Milembe akatafuna. Kalunde akafikicha tena, akampa. Akafikicha mara ya tatu, akampa. Maziwa ya uwele yakamtiririka mtoto kidevuni. Harufu yake, ile harufu ya nafaka changa, ikaenea pale uwanjani.

Zimwi likainuka. Pua zake zikatanuka. Likamtazama mtoto anavyotafuna, mate yakalidondoka, likasahau kila kitu.

Likasema, "Nipe na mimi."

 Zimwi likajiziba mdomo kwa mikono miwili, lakini neno limeshatoka. Mwiko haubagui. Aliyeomba ni wa aliyeombwa.

Kalunde akamweka mtoto chini.  "Mume wangu yuko wapi?"

"Nilimla."

"Mtoe."

"Hatoki."

"Mtoe, nakwambia! Mtoe na Lugendo! Watoe wote!"

"Hawatoki, Kalunde," zimwi likasema, na likaanza kulia lenyewe. "Hawamo tena. Nilikuwa na njaa."

Najua mnachongoja. Mnangoja likatwe kidole, watu watoke na ng'ombe wao na ngoma zao, wacheze. Wapo mazimwi ya namna hiyo. Hili halikuwa la namna hiyo. Hakutoka mtu.

Kalunde akalia palepale, akawaita kwa majina, mmoja mmoja, kijiji kizima. Zimwi likabaki limefunga mikono yake, likingoja, haliwezi kwenda popote. Alipomaliza, Kalunde akatazama kiganja chake. Ilikuwa imebaki punje moja. Angeweza kuitupa. Akaliwekea zimwi mkononi. "Umeomba, chukua."

Zimwi likaila ile punje. Likakaa chini taratibu, likawa majivu. Upepo ukayachukua.

Basi, uwele ukakomaa, wakavuna. Kalunde akapika uji, akawapa wale wanawake, akampa Milembe. Wakaishi. Wachache, lakini wakaishi.

Mwaka uliofuata mvua zikarudi kama kawaida. Kalunde akawaambia wenzake, "Uwele peke yake nao hautatufaa. Ukija mwaka wa maji tumekwisha. Kila mmoja arudi kwa mama yake akaombe mbegu." Weee, kuomba kuliwatisha! Walikuwa wameona kuomba kunavyoua. Lakini wakaenda. Mmoja akarudi na mbaazi. Mmoja akarudi na kunde. Mmoja akarudi na ulezi, na mwenzake na mpunga kidogo kwenye kona ya khanga.

Kalunde hakwenda kwao. Alimbeba Milembe mgongoni akaenda kwa kina Nyamizi, kutafuta mtama mwekundu. Akafika akawasalimu, akawapa habari ya msiba, wakalia naye. Akawaomba mbegu.

Wakasema, "Mtama mwekundu? Tulikuwa nao. Ilikuja hapa mbegu nene, nyeupe, tukauacha."

Akaenda kijiji cha pili. "Tulikuwa nao."

Akaenda kijiji cha tatu. Kulikuwa na bibi kizee mmoja, akaenda darini, akapekua, akashuka na suke moja jekundu. Kalunde akalipokea kwa mikono miwili. Akalifikicha. Likatoka vumbi. Fukusi walikuwa wameshapita.

Kalunde akarudi Itumba mikono mitupu.

Siku ya kupanda, wanawake wakasimama kila mmoja kwenye matuta yake, wakasema maneno yao, wakapanda. Kalunde akapanda uwele. Kisha akaenda kwenye matuta ya Nyamizi. Akayalima vizuri, akayainua, akaondoa kila jani. Hakupanda kitu. Mwanamke mmoja akamwambia, "Dada, nina kunde zimebaki, tutie hapo." Kalunde akatikisa kichwa.

Milembe akamuuliza, "Mama, hapa mbona hatupandi?"

"Hapa ni pa bibi yako."

"Mbegu yake iko wapi?"

"Haipo."

"Tutaipata lini?"

Kalunde akaegemea mpini. "Hatutaipata, mwanangu. Niliitafuta, haipo tena." Milembe akayatazama matuta yale matupu, kisha akachuchumaa akaanza kumsaidia mama yake kuokota magugu.

Na kila mwaka wakawa wanayalima hivyohivyo.

Hadithi yangu imeishia hapo. Mwenye machozi afute, mwenye usingizi alale. Nanyi mkumbuke hivi: kitu kipya kikija ni kizuri, kipokeeni, lakini msing'oe vyote vya zamani kwa ajili yake. Mwaka mbaya lazima uje, na hamjui ni kipi kati ya mlivyo navyo kitakachowafikisha mwaka wa pili. Na vingine vikishapotea, hata mtu atembee dunia nzima akiviomba, hakuna wa kumpa.